Kiwanja cha Mwala

Hapa Machakos, watoto wa jirani wakidundisha mpira juu ya simiti, mlio ule hunirudisha Mwala kabla sijaweka chini kikombe changu cha chai. Nilipokuwa mdogo tulikuwa na timu ya mpira wa kikapu. Siku hizi inacheza Nairobi, kwenye ukumbi wenye paa, na wachezaji wanalipwa mshahara. Wakati ule nyumbani kwao palikuwa kwetu, kiwanjani kando ya soko.

Kile kiwanja tulikijenga wenyewe. Akina mama wa kanisa walisomba mchanga wa mtoni kwa mikokoteni ya punda, nami nikachota wangu kwa mkebe wa mafuta ya kupikia. Baba, aliyekuwa meneja wa timu, ndiye aliyefunga pete za chuma juu ya milingoti. Aliniahidi kwamba timu haitahama. Siku za mechi mbuzi walifukuzwa uwanjani, wakarudi, wakafukuzwa tena, mpaka refa akazoea kuwasubiri.

Jumamosi moja Baba alinifunga utepe wa rangi za timu kichwani. Nilimwuliza kwa nini hatuendi pamoja.

"Tangulia, Mwikali, ukakalie ile nafasi yako ya mbele," akasema. "Nakuja."

Nilikuta milingoti mitupu. Nikadhani pete zimepelekwa kupakwa rangi, nikakaa. Watu walijaa, jua likawa kali, uji wa kuuza ukapoa. Hatimaye kijana wa boda boda akatuambia amepishana na basi la timu likielekea Nairobi. Baba alikuwa amekaa mbele, na pete zilifungwa juu ya mizigo.

Mama alikuja kunichukua. Alinifungua utepe, akanishika mkono tukaenda nyumbani.

Baadaye tulisikia kwamba timu ilikuwa imenunuliwa na tajiri mmoja wa Nairobi, na kwa miaka mingi nilimchukia. Shuleni niliwaambia wenzangu kwamba Baba alilazimishwa. Nilipokuwa mtu mzima nilimwuliza, nikitaka tu anithibitishie.

"Hakuna aliyenilazimisha," alisema. "Vijana wa timu walitaka kuja kuwaaga. Mimi ndiye niliyekataa. Singeweza kuwaangalia ninyi usoni."

Ndipo nilipoelewa. Wale wachezaji walikwenda walikopelekwa, na wangetuaga kama wangeruhusiwa. Aliyetutoroka ni Baba, na wa kwanza kuondolewa njiani nilikuwa mimi, aliponiambia nitangulie.