Swali la Baba Kwenye Dakika ya Kumi na Nne

Nina daftari gumu ambalo nimeandika ndani yake kila sauti niliyowahi kuifuta. Upande wa kushoto wa ukurasa kuna dakika na sekunde, upande wa kulia maelezo mafupi. Jogoo, futa. Pikipiki inapita, futa. Mama anakohoa, futa. Mimi ni fundi redio. Kazi nilijifundisha mwenyewe, bila chuo, na mtu aliyejifunza hivyo huzoea kuandika kila skrubu anayoifungua ili ajue kuirudisha mahali pake. Nilipoanza podikasti, nilihamia huko na tabia hiyo.

Podikasti yangu inahusu mambo ya kutisha ya zamani ya huku kwetu: chemchemi ambazo mtu hakuruhusiwa kuchota maji peke yake, wasichana waliofukuzwa kwao kwa kupata mimba kabla ya kuolewa, vilio vilivyosikika makorongoni. Naitengeneza kwa simu, kwenye chumba cha nyuma cha kibanda changu pale Mogitu, nikiwa nimetundika mablanketi mawili ukutani ili sauti isirudi. Wasikilizaji si wengi. Baadhi ni watu wa hapa, baadhi ni walimu na wauguzi waliohamishiwa huku kutoka mikoa mingine, wanaotaka kujua wamekuja kuishi na watu gani.

Hadithi ya nyumba ya ardhini ilikuwa ya mama. Nilimrekodi nyumbani Gendabi, alasiri moja tulipomaliza kupukuchua mahindi. Baba alikaa kando yake kwenye kigoda, akiokota punje zilizoruka na kuzirudisha kwenye ungo moja moja.

Mababu zetu waliishi Mbulu, katika nyumba zilizochimbwa ubavuni mwa kilima, paa likiwa sawa na ardhi na majani yameota juu yake. Wezi wa ng'ombe walipokuja, watu waliingia ndani na mifugo yao, wakanyamaza. Siku moja wezi hao walisimama juu ya paa lenyewe bila kujua. Udongo ukawa unadondoka ndani kidogo kidogo. Humo chini mwanamke mmoja alikuwa na mtoto mchanga wa kike, na mtoto akaanza kulia. Mama yake akamziba mdomo kwa kiganja. Wale watu walikaa juu muda mrefu, wakizungumza kama watu waliopumzika. Walipoondoka, yule mwanamke alitaka kuuondoa mkono wake, mkono ukakataa. Ulikuwa umekakamaa.

Nilipomuuliza mama wezi walikuwa watu gani, alisema, "Walikuwa watu waliotaka ng'ombe." Kisha akatazama upande wa boma la jirani yetu mfugaji, ambaye asubuhi hiyo alikuwa ametuletea maziwa. Sikuuliza tena.

Muda wote mama alipokuwa akisimulia, baba alikuwa anauliza. Mlango ulikuwa upande gani? Ng'ombe walikuwa wangapi? Udongo ulimwangukia nani? Na mama alipofika kwenye mkono uliokakamaa, alinyamaza, baba akainua kichwa kutoka kwenye ungo. "Na mtoto?"

"Mtoto alikuwa amelala," mama akasema, na wote wawili wakacheka mpaka baba akamwaga punje alizokwisha kuokota. Mtoto alikuwa amelala kitambo, chini ya kile kiganja. Mama akaongeza kwamba hata mtoto huyo alipokuwa bibi kizee hakuna ngurumo iliyoweza kumwamsha.

Hayo yote niliyafuta. Kwa fundi redio mkwaruzo ni ugonjwa, na maswali ya baba niliyasikia kama mkwaruzo. Kicheko nacho nilikiona kinaharibu hofu niliyokuwa nimeijenga kwa dakika kumi na nne. Niliishia kwenye mkono uliokakamaa. Nikaweka kimya cha sekunde nne, halafu sauti ya upepo. Simu ilikuwa imejaa, kwa hiyo nilipomaliza nilifuta pia rekodi ya mwanzo, nikiwa nimeridhika kabisa na kazi yangu.

Miezi michache baadaye, kabla mvua hazijaanza, baba alipata kiharusi. Mkono wa kulia ulilegea na maneno yakaondoka. Ilibaki sauti moja anayoitoa akiwa amefumba midomo, "mm", ambayo ni ndiyo, ni hapana, ni maji, ni funga mlango.

Kila mwezi tunampeleka zahanati kupimwa presha. Kuna muuguzi kijana pale, mwenyeji wa pwani, mpole sana, ambaye kabla ya kumgusa baba humweleza anataka kufanya nini. Siku moja alimaliza kumfunga mkanda mkononi, akamgeukia mama.

"Shikamoo, mama. Samahani, ni wewe unayesimulia kwenye podikasti? Nimeijua sauti tangu ulipobisha hodi."

"Marahaba, mwanangu. Ni mimi. Huyu ndiye ananishikia simu."

"Ile ya nyumba ya ardhini nililia. Pole sana kwa yule mtoto."

"Mtoto gani?"

"Yule aliyezibwa mdomo akafa."

Mama alinitazama. Nami nikatazama kipimo cha presha, ambacho kilikuwa bado kinapanda.

"Nani kafa?" aliuliza.

Hakuendelea mbele ya muuguzi. Alingoja mpaka tukamkalisha baba kwenye benchi la nje, akamfunga shuka vizuri mabegani, kisha akanianza taratibu, kama anayenifundisha kuhesabu.

"Wewe umezaliwa na nani?"

"Na wewe, mama."

"Mimi nimezaliwa na nani?"

"Na bibi."

"Bibi yako je?"

Nilikuwa nimekwisha kuona tunakoelekea.

"Amezaliwa na huyo mtoto. Umemuua akiwa hata meno hana, halafu kila Jumapili unakuja kula ugali kwangu. Aliyekupikia ni nani? Mzimu?"

"Mm," alisema baba.

"Unamsikia baba yako?"

Nilisema nitaiondoa sehemu hiyo leo leo. Mama akatikisa kichwa. "Ukiiondoa, yule binti atabaki na maiti yake kichwani, na wengine wote waliosikiliza. Isimuliwe upya, iishe."

Nikasema basi Jumapili nitakuja na simu.

"Nitamsimulia nani?" aliuliza, naye alikuwa akimtazama baba.

Usiku ule... hapana, niandike ilivyokuwa: ilikuwa kesho yake asubuhi, kibandani, kabla ya mteja wa kwanza. Nilifungua daftari kutafuta ukurasa wa hadithi hiyo. Yalikuwepo yote. Dakika ya tatu, baba anauliza mlango, futa. Dakika ya sita, baba anauliza idadi ya ng'ombe, futa. Dakika ya kumi na nne, sekunde ya ishirini, baba anauliza mtoto, futa. Mwandiko ulikuwa safi, umenyooka. Sauti ya baba ikiuliza kitu haikuwepo tena popote duniani, na mimi nilikuwa na orodha yake, iliyoandikwa kama hitilafu.

Jumapili nilikwenda Gendabi na daftari. Nilimweleza mama mpango wangu: yeye asimulie, na mimi niulize maswali ya baba, kila moja mahali pake, kwa mpangilio ule ule. Alikubali, ingawa uso wake haukukubali. Tulimweka baba kwenye kiti chenye mgongo, juani, mkono wake mgonjwa juu ya mto.

Mama alianza. Alipofika mlangoni, nikasoma: "Mlango ulikuwa upande gani?"

Akaacha kusimulia. "Unauliza kama karani wa mahakama."

"Ndivyo baba alivyouliza."

"Baba yako anajua upande wa mlango tangu aliponioa. Alikuwa anauliza ili nipumue." Akanyoosha kidole kwenye daftari. "Hicho kitabu kifunge."

Nikakifunga. Alianza tena toka mwanzo, na safari hii alikigeuza kigoda chake, akawa ameelekeana na baba, simu nikaiweka katikati yao juu ya debe. Alisimulia polepole kuliko mara ya kwanza. Kila baada ya maneno machache alitua na kumtazama usoni, baba akasema "mm", akaendelea. Jogoo aliwika. Pikipiki ilipita barabarani. Mkono wangu ulikuwa unatafuta kalamu kwa mazoea.

Alifika kwa wale watu juu ya paa, akafika kwa udongo, akafika kwa kiganja. Mkono ukakakamaa. Hapo mama alinyamaza.

Nilihesabu moyoni, kama ninavyofanya nikipima kimya. Nne. Saba. Baba alikuwa ameinamisha kichwa, na sikujua kama amelala. Kumi. Nilifungua mdomo ili niulize mimi, tuimalize. Baba akainua mkono wake mzima na kunionyesha kiganja, ninyamaze. Kisha akajitahidi. Midomo iliachana, ikakutana, ikaachana, na ikatoka sauti ambayo haikuwa "mm". Haikuwa neno pia. Ila mwishoni ilipanda juu, kama swali linavyopanda.

Macho ya mama yalijaa, lakini alijibu haraka, kana kwamba anaogopa kumchelewesha.

"Mtoto alikuwa amelala, mzee wangu. Alikuwa amelala zamani."

Baba alicheka kwa upande mmoja wa uso. Mama akamfuta mdomo kwa upindo wa kitenge chake, akaeleza habari ya ngurumo, akasema simu izimwe sasa, uji unaungua.

Niliirusha hewani kama ilivyo, pamoja na jogoo, pikipiki na kimya kile chote. Mtu mmoja aliniandikia kwamba sauti ni chafu na nikanunue kipaza sauti. Ana haki, nitanunua. Kwenye daftari niliandika dakika na sekunde kama kawaida, na mbele yake: baba anauliza mtoto. Baada ya hapo sikuandika kitu.

Mwezi uliofuata, muuguzi alimfunga baba ule mkanda mkononi, akachuchumaa mpaka nyuso zao zikalingana.

"Shikamoo, baba. Kumbe alikuwa amelala tu!"

"Mm," alisema baba.

"Anasema marahaba," mama alimweleza. "Na anasema pole, ulilia bure."