Cordell Alivyomsuka Mama Yake

Cordell Gaines ni mchomeleaji vyuma hapa Greenwood, pande la mtu, mikono imejaa makovu ya cheche. Mama yake, Earline, alipougua asiweze tena kuinuka kitandani, kaka mtu, Roosevelt, alikuwa akipiga simu tu. Aliyemwogesha, akampaka mafuta kichwani na kumsuka mistari kila Jumamosi ni Cordell. Niliyaona kwa macho yangu. Earline alikuwa shoga yangu.

Alimwomba mwanawe jambo moja: asizikwe na nywele za bandia. Cordell akaahidi kumsuka mwenyewe.

Mama alipofariki, Roosevelt, shemasi mzima, akakataa. Akamwagiza mwenye nyumba ya maiti amvishe mama wigi, maana ukoo wa Gaines hautachekwa kwa sababu ya mwanamume anayechezea nywele.

Siku ya mazishi jeneza likafunguliwa kanisani. Earline amelala na wigi lililonyooka kama nywele za Mzungu. Cordell akasogea, akalivua, akatoa chanuo mfukoni. Machozi yakamshuka akaanza kusuka.

Nyuma wanaume wakaanza yao. "Ukimaliza hapo, bwana msusi, uje unisuke ndevu," mmoja akasema, wenzake wakacheka. Roosevelt akawaashiria mabawabu wamtoe Cordell.

Damu ikanichemka. Mimi ni mkuu wa wauguzi wa kanisa, sisi kina mama wa mavazi meupe tunaowapepea waliozidiwa na kilio. Mwanamke akilia tunamkumbatia. Mwanamume akilia anaburutwa nje kama mlevi, halafu tunajiuliza kwa nini wanakufa mapema. Mume wangu alikufa hivyo, hakulia hata tulipomzika mtoto wetu.

Nikasimama kati yao na jeneza, mabawabu wakakwama.

"Mama Pruitt, tuachie," Roosevelt akasema. "Haya mambo ya wanaume."

"Wewe ulimwogesha mama yako lini?"

Akawageukia mabawabu.

"Basi mwanamume ninayemwona hapa ni huyo anayesuka. Kaa chini."

Hakukaa. Alitoka akajifungia garini. Mchungaji akataka kuanzisha wimbo, nikamwambia angoje. Cordell akasuka mpaka mstari wa mwisho, nami nampepea, na wale wacheshi wa nyuma wakaja kubeba jeneza macho chini.

Lilipita mbele ya kioo cha gari la Roosevelt. Hakushuka kulishika.

Mpaka leo anasema mdogo wake aliwaaibisha. Na aseme. Salamu yake siitikii.