Bonsoir ya Kasino

Kwenye kibanda cha fundi simu pale mtaani Bwiza, redio ikiimba kwa nguvu, mzee mmoja alimkabidhi fundi simu yake kwa mikono miwili. Kwenye kioo, msichana wa kasino ya mtandaoni, si katuni bali binadamu kamili aliyeketi huko ng'ambo, alikuwa akigawa karata.

"Hii butoni ya kuweka pesa unitolee," mzee alisema. "Inafunika fasi ya kuandika. Kila nikitaka kumusalimia, kidole kinaigusa, pesa inaenda."

"Papa, kumbe we huchezi?"

"Apana. Mi namusalimiaka tu. Nikiandika bonsoir, anasoma jina yangu, anacheka kidogo. Ku nyumba, tangu mama wa watoto atutoke, hakuna mutu anataja jina yangu."

Fundi alijikuna shingo. Akabonyeza huku na kule, akailaza simu ubavu. Kitufe kikazidi kunenepa.

"Haitoke, papa. Benyewe ba kasino ndio waliiweka hapo."

Mimi niliyekuwa nasubiri betri yangu niliwavulia kofia hao wenyewe. Wamejua pa kutega: palepale mtu anapopita kwenda kusalimia.

"Basi acha," mzee alisema. "Leo nitamusalimia mara moja tu."

Akaandika, kisha akafunga kifungo cha shati shingoni, akanyoosha kola. Nilitaka kumwambia kwamba yule msichana hamwoni. Lakini simu ilishatamka bonsoir, na jina lake, na mzee alikuwa ameshasimama kuitikia.

Fundi akapunguza sauti ya redio.