Kigong'ota wa Kushoto

Nilipokuwa mtoto, lango la kwetu lilikuwa na upande mmoja mwema na upande mmoja mbaya. Upande mwema ulikuwa wa kulia, mtu akitoka kwenda zake, na hapo palikuwa na nguzo za ua, waya, na uwazi mtupu. Upande mbaya ulikuwa wa kushoto. Hapo palisimama mgunga mkavu, uliokufa kabla sijazaliwa, na ndani ya mgunga huo aliishi kigong'ota, ndege yule anayetoboa miti kwa mdomo.

Tuliishi nje kidogo ya Noonkopir. Ploti zilikuwa zimeanza kuuzwa na vigingi vyekundu kupigwa katikati ya malisho, lakini wakati wa kiangazi pundamilia walikuwa bado wanapita nyuma ya choo chetu. Nyumba yetu ilikuwa ya mabati na tulikuwa watatu ndani yake: mimi, Mama, na Koko, yaani nyanya yangu mzaa baba. Baba alikuwa ameshakufa. Alikuwa tanboi, msaidizi wa dereva, wa lori la mchanga, na lori hilo lilipinduka barabara ya Namanga nikiwa bado nabebwa mgongoni.

Koko aliamini, kama alivyoamini mama yake, kwamba kigong'ota ndiye anayejua safari. Akilia kulia kwako unapotoka, nenda, utafika. Akilia kushoto, rudi ndani, keti, unywe kitu, ungoje anyamaze, ndipo utoke upya. Asiyerudi amejipeleka mwenyewe. Nyumbani tulizungumza Kimaa, kwa hiyo maneno ya Koko nayaandika hapa kwa lugha ambayo yeye aliitumia dukani tu, lakini ukali wake ni uleule.

Sasa, kigong'ota anayeishi kwenye mti wa kushoto atalilia wapi?

Swali hilo lilinijia mapema, na likikujia swali la namna hiyo ukiwa na miaka kumi, unaanza kuona mambo. Niliona kwamba baba mdogo, aliyeishi boma la jirani na kupeleka mbuzi soko la Bissil, hakuwahi kurudishwa hata siku moja. Yeye aliondoka kungali giza, ndege akiwa amelala tunduni. Nilimwuliza kama hamwogopi kigong'ota. "Mimi huyo hanijui," akasema. "Tukikutana, ni mimi nimemwamsha." Niliona pia kwamba Jumapili Koko mwenyewe alipita langoni jua limeshatoka, Biblia kwapani, ndege akipiga kelele kushoto kwake, naye akaweka shuka sawa begani na kuendelea. Nilimkumbusha. Alinijibu bila kugeuka kwamba njia ya kanisa haina kushoto.

Kumbe hukumu ya yule ndege ilimwangukia mtu mmoja tu: anayetoka asubuhi, jua likiwa juu, kwenda kutafuta riziki. Mtu huyo alikuwa Mama.

Mama alikuwa amepata kazi kwenye shamba la maua upande wa Isinya, kukata waridi. Gari la wafanyakazi lilipita barabarani kila asubuhi na halikungoja mtu. Mama alitoka, kigong'ota akalia, Koko akaita, Mama akarudi. Aliketi ukingoni mwa kiti, akanywa chai iliyopoa huku macho yako mlangoni, kisha akakimbia. Siku nyingine alilipata gari. Siku nyingine alilikuta ni vumbi tu. Jioni moja, akiwa ameosha gambuti zake na kutupa mgongo, alituambia kwamba supavaiza amemwonya: akichelewa tena, asihangaike kuja. Koko alisikia. Alisema kazi ziko nyingi duniani, mtu ni mmoja.

Kesho yake Mama hakurudi. Ndege alilia kushoto, Koko akamwita kwa jina langu, "Mama Nasieku, rudi," na Mama akatembea moja kwa moja mpaka barabarani, shingo imenyooka. Nilimjivunia. Jioni alirudi na mkono umefungwa bendeji. Mkasi wa kukatia maua ulikuwa umeteleza ukaingia chini ya kidole gumba.

Koko hakufurahi, na hilo nataka lieleweke. Alichemsha maji, akauosha mkono ule polepole, akaufunga upya. Kisha akasema neno moja tu: "Nilikuambia."

Kuanzia hapo Mama alianza kuogopa. Alifika langoni akasimama, mdomo wazi kidogo, akisikiliza. Hofu ya Koko nilikuwa nimeizoea, ilikuwa kama moshi wa jikoni. Ya Mama ilikuwa ngeni, na ndiyo iliyonikasirisha. Niliona wazi itakakotupeleka: Mama ataikosa kazi, nasi turudi kungoja unga wa baba mdogo. Nikapendekeza mti ukatwe. Koko aliniuliza kama nina akili. Yule ndege akikosa pa kukaa, alisema, atahamia juu ya paa letu, halafu atakuwa anatulilia kichwani.

Basi nikaamua. Ikiwa lazima alie, atalia kulia.

Ilikuwa likizo, na nilikuwa na ua mzima wa kufanyia kazi. Nilianza kama anavyoanza mtu yeyote asiyejua ndege: nilitawanya makombo ya ugali juu ya kipande cha bati upande wa kulia wa lango. Wakaja shomoro, wengi, wakigombana kama watu kwenye kioski. Nikaomba mtama kwa jirani. Wakaja njiwa wenye mstari mweusi shingoni, wakitembea kwa heshima, na kwera wa manjano waliovaa weusi usoni kama wezi. Nikaweka maganda ya papai. Wakaja kuzumburu, wale wa kijivu wenye mkia mrefu kuliko mwili na kishungi kichwani, wakaning'inia kwenye waya kama nguo zilizoanikwa vibaya. Nikaweka maji kwenye mfuniko wa sufuria, kina kifupi, na jiwe katikati la kusimamia. Hapo ndipo walipokuja kwezi, mgongo wa buluu unaong'aa, tumbo la rangi ya kutu, na mshipi mweupe kati yake. Wakaja na shore wenye kichwa cheusi na manjano chini ya mkia, ambao hawawezi kuoga bila kutangaza.

Majina haya mengi niliyajua baadaye. Wakati ule niliwaita nilivyotaka, na niliwatambua kwa mambo matatu: mdomo, mkia, na tabia. Mdomo mnene huvunja punje. Mdomo mwembamba hutafuta wadudu na matunda. Ua wetu ulijaa ndege kuliko ua wowote Noonkopir, na kigong'ota hakuja. Alibaki mgungani, akitutazama kama mtu aliyealikwa harusi ya watu asiowapenda.

Nikaacha kumwita, nikaanza kumtazama. Nililala kifudifudi kwenye nyasi, nikamwona anavyopanda shina kwa kurukaruka, mkia umekazwa nyuma kama mguu wa tatu. Mdomo wake ulikuwa patasi. Aligonga, akainamisha kichwa kusikiliza, akachomoa ulimi mrefu, na ulimi ukarudi na mchwa. Hakuwa na haja na ugali wangu wala papai. Alitaka mti uliooza.

Nyuma ya boma la baba mdogo, kwenye kuni, palikuwa na gogo la mgunga lililoliwa na mchwa mpaka likawa kama mkate. Nilililaza nikalivingirisha mpaka langoni, mchwa wakiniuma vifundo. Baba mdogo alikuja kutazama nani anamwibia kuni. Nilipomweleza alicheka akashika magoti. "Kwani siku hizi umekuwa fundi wa nguzo za stima?" Lakini alikwenda akaleta waya na koleo, akalisimamisha gogo kwenye nguzo ya kulia na kulikaza. Alisema akiulizwa na mama yake, yeye hakuwepo.

Koko alilitazama gogo lile kutoka mlangoni. Macho yake yalikuwa yameanza kufifia. Aliuliza ni nini, nikasema ni kuni. Akasema kuni husimama lini.

Siku zilipita na gogo likabaki la mchwa na la jua. Kisha mchana mmoja, nikiwa peke yangu, nikasikia patasi upande wa kulia. Alikuwa pale, ameng'ang'ania gogo langu. Nilitaka kupiga kelele ila nikajizuia, nikamtazama kichwa. Yule wa mgungani nilimjua vizuri: kofia nyekundu kutoka juu ya paji mpaka kisogoni, na masharubu mekundu. Huyu hakuwa na masharubu. Paji lake lilikuwa jeusi lenye nukta nyeupe, na wekundu ulikuwa kisogoni tu, kama leso iliyorudi nyuma. Nilikuwa bado nashangaa nani amempaka rangi upya, nikasikia kugonga kushoto.

Walikuwa wawili. Dume mgungani, jike kwenye gogo. Miaka yote ile tuliyorudishwa nyumbani, walikuwa wawili, na sisi tulimhesabu mmoja.

Asubuhi iliyofuata Mama alitoka na mfuko wake. Alikuwa na bendeji ndogo sasa. Alipofika langoni, dume alilia kushoto, mlio ule mkali unaopanda kama kicheko cha mtu mwenye hasira. Mama akasimama. Koko akaita kutoka mlangoni. Na Mama, ambaye siku ile alikuwa amekwenda shingo imenyooka, akageuka kurudi. Gari tulikuwa tunalisikia likipanda kwa mbali.

Ndipo jike akajibu kutoka kulia, karibu kabisa, juu ya gogo. Mlio uleule, mpaka ukaungana na wa mwenziwe.

Nikakimbia nikasimama mbele ya Mama, mikono nimeitandaza kama mtu anayezuia ng'ombe. Sikuwahi kusimama mbele ya mkubwa namna ile.

"Koko, wako wawili," nikasema. "Wa kushoto ni dume. Wa kulia ni jike. Utamsikiliza yupi?"

Koko alikuja polepole na fimbo yake. Nilidhani inakuja kwangu. Alisimama chini ya nguzo, akakunja uso kutazama juu.

"Unajuaje ni jike?"

"Dume ako na kofia nzima na masharubu. Huyu wekundu ni wa kisogo tu. Tazama."

Alitazama kwa muda mrefu kuliko nilivyoweza kuvumilia. Jike alizunguka gogo, akaonyesha kisogo chake, akalia tena. Sijui Koko aliona nini kwa macho yale. Gari lilipiga honi mara ya kwanza.

"Anayetoka ni mwanamke," Koko akasema mwishowe. "Mwanamke asemewe na mwanamke. Mama Nasieku, yuko kulia. Nenda."

Mama hakungoja neno la pili. Tulimwona akikimbia, mfuko unampiga ubavuni, tukasikia breki, mlango, na gari likiondoka.

Koko aliketi palepale chini, mgongo kwenye nguzo, mchwa wakimpanda shuka. Alizungumza akitazama mgunga, si mimi. Alisema asubuhi aliyotoka baba yangu, alimsikia wa kushoto. Alimsikia vizuri. Lakini baba alikuwa amekunywa chai akiwa amesimama, ana haraka, na yeye alikuwa amechoka kubishana naye, akanyamaza.

"Sijanyamaza tena tangu siku hiyo," alisema. Kisha akaongeza, "Sikujua kuna mwingine. Pengine alijibu, nami sikusikiliza."

Niliketi karibu naye nikamtoa mchwa mmojammoja.

Toka hapo Koko ndiye aliyekuwa akilimwagia gogo maji jioni, akidai mchwa hawakai pakavu. Kila asubuhi alisikiliza, na kila asubuhi alitangaza kwa sauti: yuko kulia, nenda. Kuna asubuhi ambazo nina hakika jike hakulia kabisa. Koko alitangaza tu.

Mama alikata maua mpaka nikamaliza chuo. Koko tumeshamzika. Mgunga uliangushwa ukuta wa mawe ulipojengwa, na pundamilia hawapiti tena. Chuoni niliwasimulia wenzangu kisa hiki, wakamcheka Koko, na sikukubali. Mtu aliyemnyamazia mwanawe mara moja na kuapa kutonyamaza tena si wa kuchekwa. Wengine, nyumbani, hunikumbusha kidole cha Mama kama ushahidi kwamba ndege alisema kweli. Hao pia siwakubalii. Mkasi uliteleza katika mkono uliotetemeka tangu asubuhi, na najua maneno ya langoni yaliyoutetemesha.

Ninapoishi sasa nina sahani ya maji yenye jiwe, mtama kidogo, na gogo lililooza ambalo mwenye nyumba ameniambia nilitoe. Sijalitoa. Majirani wakiniuliza jinsi ya kuita ndege, nawaambia waanze na maji, kisha watazame midomo, na wasihesabu mmoja kabla ya kuangalia vichwa.

Kigong'ota huja mara chache. Nikitoka asubuhi nikamsikia kushoto, sirudi ndani. Nasimama kidogo langoni, kwa ajili ya Koko, nasikiliza upande wa pili. Kisha naenda, akijibu, asijibu.