Selo Yangu Katikati ya Maombi

Wacha niseme mwenyewe kabla watu wa Kianjai hawajawafikia. Mimi napiga selo, ile fidla kubwa ya kukalia kiti, na mke wangu Kagendo anapiga piano. Ishara yetu ni moja: akiinamisha kichwa, tunaanza.

Jumapili tulialikwa kanisani kwao. Baba mkwe, ambaye hajawahi kukubali kwamba selo ni kazi, alikaa mstari wa mbele. Kukubaliwa kote sikutarajia. Hata nusu ningechukua.

Kwanza pastor akaomba. Wote walifumba macho isipokuwa mimi, maana nilikuwa nawahesabu watu mara ya pili. Hesabu moja siiamini. Ndipo nikamwona Kagendo akiinamisha kichwa, tena kwa nguvu. Nikaanza kupiga kwa moyo wote.

Piano haikufuata. Nilipoinua macho, kanisa zima lilikuwa linanitazama.

“Si umenipa ishara?” nikanong'ona.

“Nilikuwa naitikia maombi, Baba Mwenda. Pastor alikuwa anawaombea waume subira.”

Baba mkwe akafumba macho tena, bila haraka.

“Pastor,” akasema, “hebu rudia hapo pa subira.”