Nilipolikata Neno "Ila" la Mjomba

Nisemeni mtakavyo, ndugu wasomaji, mwenye makosa ni mimi. Gari lililopinduka na mjomba wangu lilikuwa na dereva, na huyo keshahukumiwa. Mimi sijahukumiwa na mtu, ndiyo maana situlii. Nikikaa nasimama, nikisimama natoka, nikitoka narudi. Mama kaniuliza kama nna chango!

Mjomba ni mkwezi wa minazi, upande wa Mtoni. Jina silitaji. Gari la shamba alilopanda kuja mjini lilipinduka, mbao zilizopakiwa juu zikamwangukia, goti likavunjika. Hospitali walipomfungua bendeji walimwambia asubiri, huenda likalegea. Halikulegea. Limekaza kama mchi. Na mkwezi asiyekunja goti ni mkwezi gani?

Kampuni ya bima ya lile gari ikamwita ofisini kwao mjini, ionekane kama kabaki na kilema cha maisha, alipwe fidia yake. Bwana wa bima alikuwa Mzungu mgeni, Kiswahili chake kinaishia kwenye "jambo". Mkalimani wake anaumwa. Mjomba akasema hapana neno, anaye mpwa wake anasoma skuli, Kizungu anakitema.

Ndiyo mimi huyo!

Sasa mimi skuli nnajulikana kwa kuigiza walimu. Naweza kumchekesha maiti akaomba maji. Na alasiri ile kulikuwa na senema ya mapanga, wenzangu wananisubiri mlangoni. Wallahi, hilo ndilo lililokuwa kichwani mwangu, si goti la mtu.

Bwana akauliza, mguu vipi sasa? Nikamfasiria mjomba. Mjomba akaweka kofia yake sawa, akajibu:

"Sijambo, alhamdulillahi. Nshapona. Ila..."

Nyinyi mnajua. Sisi huku mtu hata awe anakata roho, ukimuuliza hali atakwambia hajambo. Atamshukuru Mungu kwanza, maradhi yaje nyuma ya "ila". Hata mtoto mdogo analijua hilo. Na mimi nnalijua!

Lakini sikungoja amalize. Nilimgeukia Bwana, nikamwambia kwa Kizungu changu cha kujidai kwamba mzee anasema kapona kabisa, na kama kuna mnazi hapo nje ataufika kileleni kabla wewe Bwana hujamaliza chai yako, hata kima haoni ndani.

Bwana alicheka mpaka miwani ikamshuka puani. Mjomba naye akacheka. Hajui kinachochekwa, lakini kwa adabu yake mtu hamwachi mwenzake acheke peke yake. Kisha akaanza tena habari ya goti, nami nikamkata, nikamwambia: "Nshamwambia, mjomba, Bwana kafahamu." Akatiwa wino, akaweka dole kwenye karatasi.

Senema niliiwahi. Sikumbuki hata ilihusu nini.

Majibu yalipokuja, ikawa analipwa kwa zile siku alizolala hospitali, basi. Kilema hana, kapona kwa ulimi wake mwenyewe. Mjomba hakulalamika. Alisema ndiyo riziki yake.

Jamani! Riziki yake niliila mimi!

Nyumba haikungoja. Mtoto wake, tuliyekuwa naye darasa moja, akatolewa skuli, akavishwa kamba ya miguuni, akapandishwa minazi. Na yule mtoto anaogopa urefu tangu tulipokuwa wadogo. Juzi nilimkuta yuko katikati ya mnazi, kaukumbatia, kafumba macho, hapandi hashuki. Baba yake yuko chini, mguu kaunyoosha mbele, anamwongoza kwa maneno, polepole, kama anayemfundisha mtoto kwenda. Nikataka kutia mzaha, ada yangu. Nikaumeza, nikaondoka.

Nikaenda kwa yule Bwana peke yangu. Nikamwambia nilimdanganya, goti halikunji. Mnajua alifanya nini? Alicheka! Akamwita karani wake aje amsikilize yule kijana wa vichekesho. Kadiri nnavyoapa ndivyo wanavyocheka. Mpaka nikalia, mimi, mbele ya karani, makamasi na yote. Hapo ndipo Bwana akaacha kucheka. Akasema haahidi kitu, dole lishawekwa. Lakini mzee aje Alkhamisi apimwe na daktari, na aje na mkalimani.

Ikabidi nimwambie mjomba. Nilimweleza yote, hata lile la kima. Alilisugua goti. Halafu akasema:

"Niliona maneno yako mengi kuliko yangu. Nikajua ndivyo Kizungu kilivyo, kirefu."

Heri angenipiga!

Nikamwambia nitamtafutia mkalimani mtu mzima, mwenye akili zake. Akatikisa kichwa.

"Utakwenda wewe, mjomba. Mwengine akikosea hatojua. Wewe utajua."

Alkhamisi ni keshokutwa. Nimemwendea mwalimu wa Kizungu, yule yule nnayemuigiza mwendo, nikamuomba anifundishe kusema "kilema cha maisha". Kwanza alidhani ni mzaha mwengine, kisha akanifundisha. Sasa nayarudia maneno hayo njiani, msikitini, nikinawa, na kila nikiyarudia naona kama nimeyakosea.

Wenzangu wa skuli, tumepewa lugha za watu tukajiona majogoo. Mzee akikuomba umsemee, maneno si yako, ni amana. Yafikishe kama ulivyokabidhiwa, usiyapunguze, usiyatie chumvi. Na akivuta pumzi, ngoja, hajamaliza. Mzaha wako utakupa kicheko cha mara moja, na hutojua umemwangukia nani.

Leo asubuhi mtoto wa mjomba kapanda tena mnazi. Sijui kama Alkhamisi itamshusha.