Moto wa Mama Zena

Enzi zetu, kule kijijini Iramba, kiberiti kilikuwa cha mwenye nacho. Sisi wengine tuliufukia moto majivuni, asubuhi tukaupuliza mpaka machozi yatoke. Ukizimika, mtoto anakabidhiwa kigae akaombe kaa kwa jirani. Na moto hakunyimwa mtu, hata awe mbaya wako.

Mwaka ule mama yangu na mama Zena, jirani yetu, walikuwa hawasalimiani, kisa kuku wake aliyekula mtama wetu uani. Basi mvua ikavuja jikoni, moto ukafa. Mama akazungukazunguka, halafu bila kunitazama: "Nenda kwa mama Zena. Mwambie mwenye njaa ni wewe, siyo mimi."

Mama Zena akanitilia makaa mawili juu ya majivu. "Kamwambie mama yako moto wangu hauli mtama."

Njiani nikakuta wenzangu wanacheza rede. Nikaweka kigae chini, mara moja tu jamani. Nilipokumbuka, nilikuwa na majivu matupu.

Nikarudi nalia. Mama Zena akanipiga kofi la kisogoni. "Mpumbavu kuliko kuku wangu!" Akabeba kigae mwenyewe hadi jikoni kwetu, akapiga magoti kupuliza. Mama akapiga magoti upande wa pili. Moshi ukawaliza wote wawili. Uji ulipoiva mama Zena alikuwa bado yupo, wanamsengenya bi harusi wa watu.

Nikimsimulia mwanangu hapa Adelphi, huku ughaibuni, anajibu kwa Kiingereza chake: si bibi angetuma meseji tu? Huyu hata chumvi anaagiza kwa simu. Namcheka, ila nami safari yangu ndefu ni kutoka kochini hadi kwenye friji. Jiko nazungusha kitufe, linawaka. Mlango wa pili anakaa Nuray, Mturuki. Siku lifti ilipoharibika tulipumzika ngazini, akanieleza kwamba kijijini kwao, maskini kama kwetu, mtoto alitumwa kwa jirani na bakuli, kuomba mtindi wa kugandishia maziwa. Tukacheka, kila mtu akafunga mlango wake.

Jana nikaficha chumvi nyuma ya unga, nikabeba bakuli, nikagonga.

"Nuray, chumvi imeniishia."

Akalitazama bakuli langu, la ugali wa watu sita. "Chumvi yote hiyo?" Akacheka. "Ingia, chai iko jikoni."

Kule kwetu umaskini ulitutuma kwa jirani bila kutuuliza. Huku imebidi nidanganye.